Kitanda Hakikamatwi

Mume wangu hakukimbia benki. Alikimbia neno.

Alikuwaga dereva wa kiwanda cha pamba Bunda, akachukua mkopo kwa mshahara wake ili tumalizie nyumba yetu ya Bweri. Bati zimepanda tu juu ya paa, kiwanda kikafunga. Marejesho yakakwama. Barua za benki zilikuja, naye akawa anaziweka chini ya godoro, upande wake, eti zitapoa zenyewe.

Mwisho akaja mtu wa mahakama na samansi. Mume wangu akatia saini, akasoma akifuatisha kwa kidole mpaka mstari wa chini: asipofika, hukumu itatolewa bila yeye kuwepo. Akarudia kwa sauti, "Hukumu." Kwetu ukisikia fulani kahukumiwa, ujue yuko gerezani.

"Mama, mimi nikafungwe kwa ajili ya bati? Thubutu!"

Nikamwambia nenda tu ukajieleze. Akasema sawa. Kesho yake alikula kiporo cha ugali wa muhogo wa udaga na visamaki vya furu, akavaa kandambili, akaniaga kuwa anakwenda Kiriba, kule ziwani, mara moja kwa mjomba wake. Hiyo mara moja sasa inaingia mwaka wa tatu.

Siku ya kesi nilikwenda mimi. Karani alisimama mlangoni akaita jina la mume wangu mara tatu, kama wanavyoitaga kila mtu. Ya tatu sikuvumilia. Lile jina lilivyokuwa linaning'inia pale bila mwenyewe, nikaitika, "Abee!" Watu kwenye mabenchi wakacheka. Hakimu hakucheka.

"Wewe ndiye mdaiwa?"

"Hapana, mheshimiwa. Mimi mke wake. Yeye anaogopa kufungwa."

Akavua miwani. "Mama, hii ni kesi ya madai, siyo jinai. Hukumu ya hapa inasema tu anadaiwa kiasi gani. Mwambie aje, akubali deni, aombe kulipa kidogo kidogo. Watu wanafanya hivyo kila wiki."

Kila wiki, jamani! Nilitoka pale nimejaa hasira. Nikachukua bodaboda moja kwa moja mpaka Kiriba. Mjomba akaniambia alilala kwake siku mbili, kisha akavuka na wavuvi kwenda visiwani. Kisiwa gani, hakusema. Simu aliiuza akapata nauli. Nikakaa pale uani nikamtukana mume wangu mpaka machozi yakanitoka, na mjomba wake akaniacha tu nitukane, maana alijua namlilia.

Tarehe zikapita bila yeye, hukumu ikatoka. Baadaye akaja dalali wa mahakama na vijana wake, na amri ya kukamata mali. Wakabeba televisheni, friji, makochi. Walipoingia chumbani, dalali akawazuia.

"Hicho acheni. Kitanda hakikamatwi, wala sufuria. Ndiyo sheria."

"Basi mimi nakupa mwenyewe," nikamwambia. "Chukua kitanda, niachie makochi."

Akadhani nina utani. Sikuwa na utani. Kochi unakaa peke yako na mtu hakuulizi. Kitanda cha futi sita kwa sita utakilalaje mtu mmoja? Mpaka leo nalala upande wa ukutani, nimembakizia nafasi yake.

Vitu vile havikutosha deni. Kilichobaki nimekilipa kwa kuuza dagaa sokoni Manyamanyama, na kila mvuvi niliyenunua kwake nimempa ujumbe uleule: mkimwona, mwambieni hukumu siyo kufungwa. Wengine wananitania kwamba huko ameshaoa. Na waseme. Mimi namtaka hata na huyo mke wake, nitagomba naye akiwa hapa.

Mwezi uliopita benki wamenipa barua kwamba hadaiwi tena. Nimeisoma kwa kidole, mstari kwa mstari, kama yeye. Kisha nimeiweka chini ya godoro, upande wake, alipokuwaga anaweka zile nyingine. Akirudi atajua pa kuitafuta.