Nilimzimia Simu Mama Nasra

Nimekosa, tena kwa makusudi. Jina langu usiniulize. Jua tu nauza dawa za mifugo Kariakoo, upande wa Gerezani.

Nilisoma kwenye simu kwamba wanasayansi huko nje wanabadilisha vinasaba vya kupe ili wasiweze kuambukiza watu magonjwa. Ni utafiti tu, uko maabara. Nilielewa vizuri kabisa! Lakini biashara ilikuwa imelala, nikabana pua nisijulikane, nikarekodi sauti na kuirusha kwenye magrupu: kupe wa maabara wameshaingia Bongo na hospitali hawana dawa yake.

Ikasambaa balaa. Watu wasiofuga hata kuku wakaja kununua dawa ya kuogeshea ng'ombe. Nikawapimia kwenye chupa za maji, bila lebo, kama tunavyofanya wengi hapa.

Mmoja wao Mama Nasra, anauza vitenge duka la tatu kutoka langu. Alisema anataka ya mbwa. Kumbe mwanawe, miaka minne, alirudi kutoka kwa bibi yake Chalinze na kupe shingoni, na mama wa watu ile sauti imemtia kiwewe. Akamwogesha mtoto dawa yenyewe, hata maji hakuchanganya.

Saa nane mchana akanipigia. "Kaka, tuko hospitali ya wilaya, Nasra hazinduki. Daktari anataka jina la ile dawa."

Nikakata. Ee Mola wangu, nikakata na simu nikazima! Niliwaza polisi, nikawaza duka langu. Nikakaa nyuma ya kaunta, galoni lenye jina la dawa liko mbele yangu.

Karibu saa nzima! Ndipo nikalibeba, nikadandia bodaboda hadi hospitali. Daktari alisoma lebo, akamkimbilia mtoto.

Nasra yuko hai, alhamdulillahi. Ila miguu haina nguvu, anatembea kwa kushika ukuta. Daktari alisema wangeijua dawa mapema huenda isingekuwa hivi.

Ndugu zangu, mtoto akiwa na kupe mpelekeni hospitali. Muuzaji mwenzangu, andika jina la dawa kwenye chupa. Na ukitaka kutisha watu kwa uongo, ujue atakayeamini ni jirani yako.

Mama Nasra anadhani simu yangu iliisha chaji. Anawaambia watu sokoni mimi ndiye niliyemwokoa mwanawe. Ijumaa iliyopita kaniletea sahani ya pilau, eti shukrani, na Nasra kashikilia gauni la mama yake asianguke.

Nikaipokea.