Mjozi Aliouza Hobart

Ivalene Tackett alipika chakula cha shule yetu mpaka akastaafu, na sijui mtu aliyewahi kumsikia akisifu kitu. Kwa hiyo siku ile alipovunja jozi moja, kokwa ngumu ya mti wa mjozi, kwenye ngazi za nyuma ya nyumba yake, akaitazama, akavunja nyingine haraka haraka, niliacha kahawa yangu nikasogea.

Jozi nyeusi za milima hii ya Missouri zina ukaidi wake. Ganda ni gumu kama jiwe, unalitwanga kwa nyundo, halafu unakaa unachokoa kiini kwa sindano, kipande kwa kipande, mpaka unajiuliza kama keki unayotaka kuoka ina thamani hiyo. Lakini hii ilikuwa imegawanyika katikati, na kiini kimetoka kizima. Nilionja. Ilikuwa tamu, bila ule uchungu wa mwisho.

Jozi zile zililetwa na Hobart, mdogo wa marehemu mumewe. Kila Oktoba alimletea shemeji yake ndoo nzima, naye Hobart akila keki za jozi alizooka Ivalene hadi Krismasi. Ivalene akampigia simu.

"Hizi umeokota chini ya mti gani?"

"Shemeji, mimi naokota popote. Barabarani, makaburini, kule bondeni kwangu. Namwaga zote njiani, napita juu na pikapu mpaka maganda ya kijani yatoke. Sasa nitajuaje ipi ni ipi? Nikaziulize?"

"Ungeuliza, hata zenyewe zingekuona mvivu."

Hapo ndipo udadisi ulipomvaa. Ukipanda jozi nzuri, mti utakaoota hautazaa kama mama yake. Dawa ni kukata vijiti vya mti wenyewe, wakati wa baridi ukiwa umelala, ukaviunganishe kwenye mche mwingine. Ivalene alitaka mti ule uwani kwake kabla hajafa. Alilisema hivyo hivyo, kama mtu anayetaka sufuria mpya.

Basi tukazunguka majira yote ya baridi, yeye na nyundo mfukoni, mimi na magoti yangu. Miti haina majani, lakini alinifundisha. Kata kijiti kwa urefu: ukiona ndani vyumba vidogo vidogo kama ngazi, huo ni mjozi. Angalia pale jani lilipodondokea, kuna alama kama uso wa nyani. Chini ya kila mjozi alifukua jozi walizobakiza kindi, akavunja, akatia mdomoni, akatema.

Mwisho wa Februari tulishuka bondeni kwa Hobart, tukakuta kisiki kibichi. Gogo lilishabebwa na wanunuzi wa mbao. Ivalene alifukua majani, akapata jozi, akaigonga. Ilifunguka katikati.

Akakaa juu ya kisiki akalia. Mimi nilishikwa na hasira, nikataka tupande kwa Hobart saa ile ile nikamwambie maneno yake.

"Mwache," akasema. "Paa la nyumba yake lilikuwa linavuja, alihitaji pesa. Hakujua."

Kisha akatazama matawi waliyoyaacha wanunuzi matopeni. Akaenda akakata kijiti, akakwangua gome kwa ukucha. Ndani kilikuwa kijani. Tulirudi na mafungu mawili, akayafunga kwa magazeti yenye maji, akayatia kwenye friji, siagi ikatafuta pa kulala.

Majira ya kuchipua aliunganisha kila kijiti kwenye mche wa mjozi uwani kwake. Mjozi ukiukata hutoa maji kama bomba bovu, na maji yale huozesha kiungo. Vijiti vikafa kimoja baada ya kingine. Kimoja tu kikashika. Alikizungushia wavu ili paa wa msituni wasikile, nami nikazuiwa hata kukipumulia.

Miaka ikapita, mti ukazaa jozi za kujaza kiganja. Hobart alipokuja, Ivalene alivunja moja, akampa nusu mbili.

"Tamu," Hobart akasema. "Umetoa wapi?"

"Bondeni kwako."

"Kwangu hakuna mjozi tena. Ule mmoja niliuuza."

"Ndio huohuo. Niliokota vijiti vyake."

Hobart akaacha kutafuna.

"Ule ulikuwa wa mama," akasema taratibu. "Tumekula jozi zake utoto wote. Lakini shemeji, mbona hazikuwa na tofauti na nyingine?"

"Inafunguka katikati, Hobart. Kiini kinatoka kizima. Katika milima hii yote sijaona nyingine. Hukuliona hilo?"

Aliangalia mikono yake. Nilimwonea huruma, na mimi si mwepesi wa huruma kwa Hobart.

"Mimi sijawahi kuvunja jozi," akasema. "Alikuwa akivunja mama. Halafu mke wangu. Halafu wewe."

Ivalene akachagua jozi nyingine, akaiweka mbele ya Hobart, akamsogezea nyundo.