Jina Baada ya Muziki

Papa Kalenga hakuwa mtu wa kujisifu, ila jambo moja lilimkaa rohoni. Miaka ya sitini, kijana mwenye kinanda na suti ya kuazima, aliitungia televisheni ya Lubumbashi vimuziki vyake vyote: cha habari, cha mpira, cha watoto. Vilipigwa kila siku, na jina lake halikutajwa hata mara moja. Sasa ni mzee, anaishi peke yake kwenye fleti huko Evere, Brussels, na bado anaudhika akisikia watu kwenye harusi za Matonge, mtaa wa Wakongo jijini humo, wakiviimba kana kwamba vilidondoka kutoka mbinguni.

Kilichojulikana kuliko vyote kilikuwa cha matangazo ya vifo. Sauti chache nzito, zinapanda kidogo, kisha kimya. Na ndani ya kimya hicho mtangazaji anasoma jina la marehemu. Kikianza, watoto walinyamazishwa, na kila nyumba ikasubiri jina. Hakuna aliyethubutu kukipiga mluzi. Hata yeye mwenyewe hakukipiga nyumbani.

Basi Tatiana, binti wa Kikongo aliyezaliwa Brussels na anayekusanya muziki wa zamani kwenye mtandao, alipomwomba akipige, mzee alisita.

"Lakini papa, batu watajua jina yako," alisema.

Hapo akalainika. Akapiga. Muziki ulipokoma, Tatiana, kwa nia njema kabisa, akasogea kwenye kinasa sauti na kutamka polepole: "Kalenga Constant."

Mzee nywele zilimsimama. Hakumwambia alifute; jina hilo alikuwa amelingoja maisha yake yote.

Rekodi ilipotoka mtandaoni, simu zikaanza. Watu walilia kabla hata ya kusalimia. Huko Matonge walishaanza kutafuta ukumbi wa matanga. Mzee akampigia Antoinette, mdogo wake aliyebaki Lubumbashi, ambaye tangu utotoni humwita yaya, yaani kaka mkubwa.

"Antoinette, ni miye. Niko muzima."

Nyuma ya Antoinette wanawake walikuwa wanaomboleza.

"Weye ni nani, unasema na sauti ya yaya yangu?" aliuliza. "Jina yake tulishaisikia. Muache apumuzike." Akakata.

Akapiga tena, haikupokelewa. Woga ukamwingia kweli. Alijishika shingoni, akatafuta mapigo ya damu, akayakuta, na bado hakutulia.

Tatiana alikuja mbio, machozi yakimtoka. "Pardon, papa. Sikujua. Natosha jina, naifuta sasa hivi, donc wataelewa."

"Kwanza nisikie."

Tatiana akaiwasha rekodi. Mzee aliinamisha kichwa. Muziki ukakoma, jina lake likasomwa, na mkono wake ukafanya ishara ya msalaba kabla hajauzuia.

"Bon," alisema kwa sauti ndogo. "Uache jina ibaki."

Simu ikalia mezani. Alikuwa Antoinette. Hakuipokea.