Jani la Isale Mbele ya Kamera

Kahawa inapochanua baada ya mvua, harufu yake tamu hunirudisha kwetu Uru, miaka ile ya tisini, mwongozaji mmoja wa filamu alipopanda kutoka Dar na kamera yake akaomba kupigia filamu kwenye kihamba chetu, shamba letu la migomba na kahawa.

Alitaka wanaume wawili wanaofanana, waigize ndugu waliogombana. Akamchagua baba, akamchagua na baba mdogo. Wenzangu, hakuna aliyemnong'oneza kwamba wawili hao hawakuwa wakisalimiana tangu ugomvi wa mpaka, wala kwamba mimi nilikatazwa kukanyaga kwa baba mdogo, mahali nilipopapenda kuliko kwetu. Nao walikubali, maana hakuna aliyetaka aonekane ndiye aliyemnyima mgeni.

Lilikuwa onyesho la msamaha. Baba mdogo alishika jani la mgomba, eti kamera haijui tofauti, akamwaga maneno mengi ya toba. Tulicheka mpaka mbavu zikauma. Mwongozaji hakucheka. Alifuta maneno yote, akamgeuza baba atupe mgongo, akashusha kamera usawa wa mikono. Kisha akauliza kwa upole, "Hivi nyinyi huku mnaombana radhi kwa jani gani hasa?"

Kicheko kikakatika. Mtu akachuma jani la isale, mmea tunaoupanda mpakani, akampa baba mdogo.

Sasa, isale halina mchezo. Kwetu ukiletewa jani hilo unasamehe, hata kama moyo unawaka. Baba mdogo alisogea polepole ndani ya ukungu. Baba akasimama tu. Akilikataa mbele ya watu wote hawa, nilijua nimempoteza baba mdogo moja kwa moja.

Mwongozaji alikuwa na neno moja tu, "Kata!", la kusimamisha kila kitu. Hakulisema. Alingoja, nasi tukangoja, hadi baba akanyoosha mkono, akapokea.

"Umechelewa, mdogo wangu," alisema. "Karibu nyumbani."

Jioni ile nilikula kwa baba mdogo, nikashiba furaha kuliko ndizi.

Filamu ilipoonyeshwa kwenye ukumbi wa parokia, picha ilikatika mkono wa baba ukiwa bado haujalifikia jani. Watu walilia. Mimi nilipandwa na hasira, nikapiga kelele, "Mbona alipokea!" Mama akanifinya.

Kwa miaka mingi niliamini yule mgeni alituibia mwisho wetu. Nimekuwa mtu mzima ndipo nikaelewa: aliona kwamba kipande kile cha baba kupokea jani hakikuwa cha filamu, akatuachia wenyewe.