Kitabu Nilichokisoma Mchana

Kitabu kile kilinuka mafuta ya taa na mavi ya popo. Stoo ya shule yetu ya msingi, upande wa Kanyangi, ilikuwa na dari ya mbao iliyojaa popo, na chini ya dari hiyo yaliwekwa madumu ya mafuta ya taa kando ya masanduku ya vitabu, kwa hiyo chochote kilichotoka humo kilitoka na harufu hizo mbili. Mwalimu Kioko, aliyetufundisha Kiswahili darasa la sita, alinipa kitabu hicho kwa sababu nilikuwa nimemaliza vingine vyote sandukuni na sasa namsumbua kila jioni. Hakikuwa na jalada. Kurasa tatu za mwanzo zilikuwa zimegandamana, na juu yake paliandikwa kwa herufi kubwa neno DIBAJI, ambalo mimi nilidhani ni jina la mwandishi. Nikamwacha Bwana Dibaji na kurasa zake, nikaanzia pale palipoandikwa Sura ya Kwanza. Mwalimu alisema nikirudishe muhula ukiisha, na kwamba akikikuta kina alama ya masizi tutajuana.

Nilikuwa na miaka kumi na mmoja, nikiishi kwa nyanya yangu, tuliyemwita Susu kama Wakamba wote wanavyowaita nyanya zao. Mama alikuwa Matiliku, ng'ambo ya mto Athi, akishona nguo kwenye baraza ya duka la watu. Kwa hiyo nyumbani tulikuwa watatu: Susu, mimi, na mjomba Musyoka, kitinda mimba wa Susu. Musyoka alikuwa kijana wa miaka ishirini na kitu, mrefu hata akiingia jikoni lazima ainame, na alikuwa na kigugumizi kizito. Jina lake maana yake ni aliyerudi. Alipewa kwa sababu alizaliwa baada ya Susu kumzika mwana mwingine. Nyumbani tulikuwa tumezoea kumsubiri amalize sentensi yake, lakini nje ya nyumbani watu wana haraka zao, na yeye alikuwa amejifunza kuishi akinyamaza. Aliongea zaidi na punda wetu kuliko na binadamu yeyote.

Mwaka huo mvua ya Novemba ilinyesha siku mbili, ikatuonyesha rangi ya kijani, ikaenda zake. Kufikia Februari mahindi yalikuwa mabua makavu yanayopigwa na upepo shambani, na maji tulikuwa tukiyafukua mtoni, chini ya mchanga, kwa kata. Musyoka na punda walitoka alfajiri na kurudi saa tano. Siku ambazo hakukuwa na shule, tukishamimina maji tuliketi watatu kwenye kivuli cha ghala, kwa sababu jua lilikuwa kali mno kufanya kitu kingine. Susu alisuka kyondo, kikapu chetu cha Kikamba, akisokota uzi wa mkonge kwenye paja lake mpaka paja likawa linang'aa. Musyoka alitengeneza kamba. Ghala lenyewe lilikuwa tupu kiasi kwamba ukiligusa linalia. Kuwachangamsha, au niseme ukweli, kuwaringia kwamba najua kusoma, nikatoa kile kitabu.

Kilieleza nchi moja ambayo mwandishi alisema aliifikia baada ya safari ndefu. Huko maji yalipita kwenye mfereji mbele ya kila mlango. Maghala hayakuwa na kufuli, na hakuna aliyechukua zaidi ya anachohitaji, kwa sababu kesho pia yangekuwepo. Watu walifanya kazi mpaka adhuhuri, kisha wakajifunza, wakapumzika, wakawatembelea wazee. Wakigombana wawili, walilishwa kwanza kutoka sahani moja ndipo wakasikilizwa. Na mgeni akifika langoni hakuulizwa jina, wala kabila, wala barua kutoka kwa mtu. Aliulizwa neno moja tu: umekula?

Hapa lazima nieleze jambo la kwetu. Hadithi zina saa zake. Husimuliwa jua likishazama, karibu na moto, na msimulizi hubisha hodi kwanza kwa maneno yake ya kuanzia, nanyi mkaitika, ndipo kila mtu ajue kwamba sasa tumeingia kwa sungura na fisi. Tuliambiwa kwamba mtu akisimulia hadithi mchana, mifugo ya boma hupotea au hufa. Mchana ni wa habari: bei za sokoni, matangazo ya kanisani, mambo ya baraza la chifu. Na karatasi inayosomwa mchana kwa sauti, katika maisha yote ya Susu, ilikuwa Biblia, au barua ya mtu, au tangazo la serikali. Mimi sikubisha hodi kwa maneno yoyote. Nilifungua kitabu saa sita mchana, jua likiwa utosini, nikaanza kusoma. Hata sikufikiria kwamba nasimulia hadithi, maana nilikuwa nikisoma, na kusoma na kusimulia kichwani mwangu vilikuwa vitu viwili.

Tena nilikuwa natafsiri. Susu alijua Kiswahili cha sokoni tu, kwa hiyo kila sentensi niliigeuza Kikamba, na palipokuwa pagumu nilipasaidia kidogo. Mto mkubwa ambao msafiri aliuvuka nikauita Athi, kwa kuwa ndio mto mkubwa tuliokuwa nao. Nyanda kavu zikawa za Makueni. Barabara pana ikawa ile iendayo Mombasa. Bustani za kijani zilizonyweshwa mwaka mzima nikasema ni kama za Kiboko, kwa sababu Mwalimu Kioko alikuwa ametuambia kwamba huko kuna mashamba ya utafiti ambayo hubaki mabichi hata wakati wa kiangazi. Sikukusudia kumdanganya mtu. Nilitaka tu waone ninachokiona. Susu alikuwa akiacha kusokota, anauliza, "Na wajane je?" Nami nikatafuta ukurasa wa wajane, na nilipoukosa nikautunga.

Mwezi Machi mwolyo ulifika, ndivyo tunavyokiita chakula cha msaada. Susu alikuwa na homa, Musyoka akatumwa kupanga foleni. Kitambulisho chake kilikuwa kimepotea mtoni mwaka uliotangulia. Karani akamuuliza jina, akaliuliza tena, na Musyoka akashikwa na herufi ya kwanza, M, M, M, mpaka waliokuwa nyuma yake wakaanza kucheka, kisha wakaanza kusukuma. Alirudi na gunia lile lile tulilompa, amelikunja vizuri, akaliweka juu ya meza mbele ya Susu. Siku mbili zilizofuata alisokota kamba tangu asubuhi. Siku ya tatu, kwenye kivuli cha ghala, aliniambia nisome tena ule ukurasa wa lango.

Nilisoma. Akauliza, akisubiri kila neno litoke, "Na huko hawaulizi jina?"

"Hawaulizi."

"Wanauliza nini?"

"Kama umekula."

"Hilo tu?"

"Hilo tu, mjomba."

Akaniuliza njia. Nilijiona mtu mkubwa, mtu wa kuulizwa njia na mwanamume. Nikamwambia ni kuvuka Athi, kupita nyanda za Makueni, kufika barabara kubwa, kisha mbele ya Kiboko. Alirudia baada yangu taratibu, na la ajabu, aliyasema majina hayo yote bila kukwama.

Wiki iliyofuata punda wetu alianguka njiani na madumu manne mgongoni, hakuinuka tena. Alhamisi ya mwisho wa muhula nikarudisha kitabu. Mwalimu Kioko akaniuliza nimejifunza nini, nami nikamuuliza kama yeye amewahi kufika huko. Alicheka mpaka akavua miwani. "Wewe Mwende, hii ni ya kutungwa," alisema. "Kwani hukusoma dibaji?" Akachukua rula, akazibandua zile kurasa tatu, akanisomea mwenyewe. Bwana Dibaji hakuwa mtu. Mwandishi alikuwa ameeleza wazi, kabla ya kuanza, kwamba nchi hiyo haipo popote juu ya ardhi, kwamba aliibuni ili msomaji aitazame nchi yake mwenyewe. Mwalimu alinipigapiga begani, akasema hilo ni kosa dogo, kila msomaji hulifanya.

Nilitembea kurudi nyumbani. Sikuwa nafikiria mwandishi. Nilikuwa nafikiria punda. Nilikuwa nimesimulia hadithi mchana, Jumamosi baada ya Jumamosi, na punda amekufa, na ghala ni tupu, na sasa nikisema kitabu ni cha uongo nitakuwa nimekiri kwamba mimi ndiye niliyemuua. Nilipofika nilimkuta Musyoka akifua shati lake jeupe la kanisani kwa maji ya kikombe kimoja. Nilifungua mdomo. Nakumbuka kabisa kwamba niliufungua. Susu akaniuliza kama nina njaa, nikasema ndiyo, na muda ukapita.

Aliondoka Jumamosi asubuhi, jua likichomoza, amevaa shati lile. Susu alimpa baraka, akamwambia akifika atafute mtu wa kuandika barua. Mimi nilimjazia kibuyu cha maji nikamfungia kamba yake, mafundo mawili, isilegee. Mikono yangu ilifanya kazi hiyo yote bila kukosea, na mdomo wangu haukufanya kazi yake. Aliniwekea kiganja kichwani. Kisha akashuka kuelekea mtoni, na kwa urefu wake tulimwona muda mrefu kuliko ambavyo tungemwona mtu mwingine.

Nilivumilia siku tatu. Siku ya nne nilipiga magoti mbele ya Susu, pale pale kando ya ghala, nikamweleza yote: kwamba kitabu kilitungwa, kwamba Kiboko na Athi niliviweka mimi, kwamba Mwalimu amenisomea ukurasa unaosema nchi hiyo haipo. Nililia mpaka nikapaliwa. Susu alinitazama kwa huruma, kama anayemtazama mtoto mwenye malaria. "Mwiitu," aliniambia, ndivyo tunavyomwita msichana, "hadithi husimuliwa usiku. Wewe ulisoma mchana. Nilikusikia." Nikamwambia tena. Akanijibu vile vile. Nikamwambia amuulize Mwalimu. Akasema Mwalimu ni mtu wa juzi tu, hawezi kujua nchi zote. Hapo ndipo nilipojua kwamba kuna kitu mtu anaweza kukitoa mdomoni na asiweze tena kukirudisha, hata akilia namna gani. Sijapata kujihisi mdogo kama siku ile.

Mama alimtafuta. Alitoka Matiliku mpaka barabara kuu, akauliza Kiboko kwenye vibanda vya matunda. Mwanamke mmoja alisema ndiyo, kijana mrefu wa shati jeupe alipita akiuliza jambo, lakini yeye mwenyewe hakuwa na subira ya kumsikiliza mpaka mwisho. Alimwonyesha tu kwa kidole upande wa mbele. Kuanzia hapo hakuna aliyejua chochote. Tuliripoti polisi, tukatangaza kanisani, tukaenda vyumba vya maiti viwili, na mama akaacha kushona kwa mwaka mzima. Hakunilaumu kamwe, nami ningeshukuru kama angenilaumu.

Siku hizi nafundisha Kiswahili mjini Wote, na wanafunzi wangu wanajua kwamba mtu asiyesoma dibaji darasani kwangu atasimama nje. Wanadhani ni ukali tu. Kanyangi imebadilika. Kuna bomba la maji karibu na lango la Susu, hutoa maji siku mbili kwa wiki, na siku hizo yeye huketi kulisikiliza. Kuna zahanati, kuna umeme kwa jirani, msaada wa njaa mara nyingine huingia kwa simu. Nikiviangalia vitu hivyo kwa haraka naweza kusema Bwana Dibaji hakuwa mbali sana na ukweli. Lakini popote ninapokwenda, ofisini, hospitalini, getini, jambo la kwanza ninaloulizwa bado ni kitambulisho. Kila mara nasikia zile M tatu.

Susu bado yupo, haoni vizuri, na mikono bado inasuka. Kile kitabu kililiwa na mchwa pamoja na sanduku lake. Kwa hiyo nikimtembelea hufungua daftari la kusahihishia, nikaketi naye kando ya ghala saa sita, nikasoma yasiyoandikwa. Nimemweka huko mtu mrefu anayefungulia maji mifereji asubuhi. Nimeweka desturi kwamba katika nchi hiyo hakuna anayemkatiza mwenzake kabla hajamaliza sentensi. Susu huuliza, "Na amekula?" Nami husoma kwenye ukurasa mtupu kwamba amekula. Najua ninachofanya. Nimejaribu kuacha, nikaona uso wake, nikaendelea.

Desemba iliyopita nilichelewa njiani, nikafika jua likiwa linazama. Moto ulikuwa umeshawashwa. Nilijua anasubiri, kwa hiyo nikatoa daftari hata kabla ya kunywa chai, nikalifungua, nikakohoa kuanza. Susu akanyoosha mkono akaupapasa ukurasa, akaufunika wote kwa kiganja. "Sasa hivi hapana," alisema. "Giza limeingia. Hiyo utanisomea kesho mchana."