Maji ya Radi

Mume wa dada yangu tulimwita Radi, kwa ajili ya ngumi yake ya kushoto. Mabondia aliowaangusha waliitwa kupigania ubingwa, yeye hakuitwa hata siku moja. Basi akamshuku kila mtu. Promota kahongwa, kocha ana jambo lake, hata mizani ya kupimia uzito aliizunguka kama mtu anayeuziwa mbuzi mgonjwa. Ulingoni hakunywa maji ya mtu, isipokuwa ya chupa aliyoijaza dada kwa mkono wake. Nilimwambia usoni kwamba amerukwa na akili.

Sasa ni mzee, anachonga funguo, na bado anashuku. Juzi nilikuwa kibandani kwake alipokuja bingwa wa zamani kuchongesha ufunguo. Radi hakumkaribisha hata kiti.

“Kwa nini ulinikimbia?”

“Nikukimbie wewe? Meneja wangu alikuja kwako zaidi ya mara moja. Mkeo alimwambia jicho lako moja halioni, na ngumi umeshaacha.”

Radi alimaliza kuuchonga ule ufunguo, akampa, akafunga kibanda mapema. Nilimsindikiza hadi nyumbani.

Dada alimletea glasi ya maji kama kawaida.

“Mbona umenuna, baba watoto?”

“Nimechoka tu.”

Aliipokea glasi, akaiinua kwenye mwanga wa dirisha, akainusa.

Dada alivuta kiti, akakaa. Hakumuuliza ananusa nini.