Kofia ya Mahameli Niliyoitia Wanga

Siku yangu ya kwanza ya kazi nilifikia Al Baraha, huku Deira kwa Waarabu, kwenye duka la dobi lenye chumba kimoja na mashine mbili. Msimamizi, Mhindi Mmalabari mmoja tuliyemwita arbab, yaani bosi, hakuniuliza cheti, na afadhali, maana sikuwa nacho. Alinipa kanzu yenye doa la mchuzi akakaa kunitazama. Nilipomaliza aliigeuza kwenye mwanga, akasema, "Doa likibaki, si la mwenye nguo tena. Ni lako." Maneno hayo nimeyabeba miaka yote, na ndiyo yaliyoniponza.

Nyinyi vijana mnatia nguo kwenye mashine mnakwenda zenu. Sisi tulianza kwa kuchambua. Pamba hustahimili maji ya moto, sufu huruka, yaani hupungua hata isimwenee mwenyewe, hariri haisuguliwi. Wanga tulipika wenyewe, mwepesi kwa kanzu, mzito kwa kofia. Kofia ndiyo ilikuwa fani yangu. Kwetu Unguja kofia ikishika jasho huloweshwa, hutiwa wanga, kisha huvikwa bakuli lililofudikizwa ikauke na umbo lake. Mwanamume akitoka na kofia chafu, husemwa mkewe.

Mgongo uliposhindwa na joto la duka, nikapata kazi ya kufua na kupiga pasi Al Twar, kwa watu niliowaita Waingereza siku moja tu, nikakatazwa. Sir, mzee aliyekuwa akiishi kwa binti yake, aliniambia wao ni watu wa Wales. Binti ndiye madam, na mumewe ndiye kafeel wangu, mdhamini wa viza yangu.

Wiki ya tatu, nikipanga kabati la sir, nilikuta ndani ya bati la biskuti kofia ya mahameli nyekundu, ina zari na kishada. Bitana yake ilikuwa nyeusi kwa mafuta ya nywele na vumbi. Niliona aibu, kana kwamba nimemwona mume wangu sokoni na kofia ile. Sikumwuliza mtu. Nikailowesha, nikaisugua bitana mpaka ikatakata, nikaitia wanga mzito, nikaivika bakuli.

Ilipokauka, mahameli ilikuwa ngumu kama gome, rangi imechujuka, zari imefumuka. Ningeweza kuirudisha ndani ya bati nikanyamaza. Nilimpelekea sir mkononi, nikamwambia ni mimi.

Zari hakuitazama. Aliigeuza, akainusa ndani.

"Ilikuwa na harufu ya baba," akasema. "Sasa ina harufu ya sabuni."

Madam akasema khalas, basi imekwisha, viza yangu itafutwa Alhamisi. Mume wangu alikuwa kitandani Unguja, na dawa zake zilitoka kwenye mikono hii. Sir ndiye aliyemkatiza.

"Hafukuzwi mtu. Kofia imesahau, basi atakumbuka yeye. Kila alasiri atakaa anisikilize."

Basi kila alasiri, miguu ikiniwaka moto, nilikunja mashuka nikasikiliza. Baba yake aliingia mgodi wa makaa ya mawe bado mtoto, baina ya vile vita vikuu viwili. Jumamosi alicheza winga, yaani yule anayekimbia na mpira pembezoni mwa uwanja. Klabu ya Uingereza ikamchukua, na meneja wake alikuwa akimwambia, "Kimbia mpaka mstari wa chokaa uishe, kisha mpigie krosi mwenye kichwa." Wales ilimwita mara moja tu. Kwao anayechezea taifa hupewa kofia, nayo haivaliwi, huwekwa. Goti lilipovunjika alirudi mgodini. Lakini siku nyingine akitoka shimoni aliivaa mezani, hajanawa, ili wanawe wacheke. Vumbi nililolisugua ndilo lile lile lililommaliza mapafu.

Sir alisimulia hayo kwa hayo. Nilichoka nayo, sisemi uongo. Alipoanza kuchanganya mambo nilimsahihisha: la, sir, goti lilikuwa baada ya kofia. Mwisho akawa hakumbuki kitu, nami nikawa namsimulia yeye baba yake. Alikuwa akiniuliza, "Alikuwa na mbio?" Namwambia alikuwa na mbio, sir, kunywa dawa yako. Alipofariki, madam mwenyewe alinijia jikoni kuniuliza babu yake alikuwa mtu gani. Nikaweka pasi chini, nikaanza na mgodi.

Sasa nimestaafu, nakaa kwa mwanangu hapa hapa Deira. Vidole havikunjiki vizuri. Mume wangu sikumwahi; alizikwa Unguja mimi nikipiga pasi Al Twar, na nilicholetewa ni kofia yake, ndani ya mfuko wa nailoni.

Juzi mjukuu wangu aliikuta kabatini. Akaifungua, akakunja uso.

"Bibi, na wewe ndiye fundi wa kofia. Hii ina doa zima la jasho. Niiloweshe?"

"Doa hilo langu," nikamwambia. "Irudishe, na mfuko uufunge vizuri."